Sistimu Anakaa Wapi?

Hotuba niliyoitoa Kisumu mbele ya walimu wa Kiswahili, wazazi na wanafunzi. Nimeiandika karibu kama nilivyoitamka.

Wazee wetu, wazazi, walimu wenzangu, na ninyi wanafunzi mliojipanga kando ya madirisha kutafuta upepo wa ziwa, hamjambo.

Nimekuja kulipa deni. Muhula uliopita nilikuwa nafundisha ngeli, na msichana mmoja wa kidato cha tatu akainua mkono. "Mwalimu, tunasema roboti huyu amejibu, ama roboti hii imejibu?" Kengele ilikuwa karibu kulia. Nikamjibu haraka haraka: "Hii imejibu. Ni mashine hiyo, iko I-ZI. Tuendelee." Akaandika. Lakini kalamu yake ilisita kwanza, na alipoketi alinitazama kama mtu aliyerudishiwa chenji pungufu. Macho yale nimetembea nayo tangu siku hiyo. Dawa ya deni ni kulipa, na leo nataka kumlipa mbele yenu, kwa kuwa alichouliza hakikuwa sarufi peke yake. Aliuliza kama kitu kilichoundwa na watu kinaweza siku moja kuhesabiwa kuwa mtu.

Mashine hizi zinazojibu kama watu, wenzetu wa Tanzania wanaziita akili mnemba, sisi wengi tunasema akili unde, na wapo wanaosema akili bandia. Jina lolote mtakalochagua, swali linabaki pale pale.

Naomba tuanze na lugha, maana ndiyo kazi yangu. Watoto tunawaambia kwamba A-WA ni ngeli ya viumbe wenye uhai. Kwa mtihani kanuni hiyo inatosha. Lakini itazameni vizuri. Mti una uhai: unakunywa maji, unakua, unazaa, unakufa. Bado tunasema mti huu umeanguka. Maiti hana pumzi hata moja, na tunasema maiti amezikwa. Marehemu ameacha watoto watano. Malaika na shetani hakuna kati yetu aliyewashika mkono, nao wako A-WA. Kiroboto, mdudu asiyejua lolote ila damu, tunasema kiroboto huyu ameniuma. Kwa hiyo katika Kiswahili sanifu kiroboto ana, roboti ina, ingawa ni roboti inayoweza kukufafanulia hesabu usiku wa manane kiroboto akikukosesha usingizi. Si pumzi peke yake inayofungua mlango wa A-WA, wala si akili.

Liko neno ambalo kila nikilifikia darasani sauti yangu hushuka. Neno lenyewe ni mtumwa. Katika pwani ya nchi yetu sheria iliendelea kuutambua utumwa hadi mwaka 1907. Binadamu aliuzwa, akarithiwa, akahesabiwa pamoja na meno ya ndovu na magunia ya mtama. Sheria ilimweka huko. Lugha ilikataa. Bwana mwenyewe, hata akiwa na hasira kiasi gani, alisema mtumwa wangu ametoroka. Ulimi wake haukuweza kusema kimetoroka.

Namtaja mtumwa kwa sababu kuna hoja nzito ambayo vijana huniletea, na sitaki kuipita pembeni. Wanasema: "Mwalimu, watu wa zamani walikuwa na hakika kwamba mtumwa si mtu kamili, na walikosea vibaya. Na sisi tuna hakika kwamba mashine si mtu. Je, tukiwa tunarudia kosa lile lile?" Hoja hiyo naiheshimu. Hata majina yanaiunga mkono. Neno roboti lilizaliwa mwaka 1920 katika mchezo wa kuigiza wa mwandishi Karel Čapek, kutokana na neno la Kicheki robota, yaani kazi ya kushurutishwa. Na mtumwa, kama mnavyojua, ni yule anayetumwa. Majina haya mawili yamenyonya ziwa moja.

Lakini mtumwa alikuwa na kwao. Hapo ndipo ninapowaomba mtulie nami kidogo. Mtumwa alifungwa minyororo kwa sababu aliyemfunga alijua vizuri kabisa kwamba akimwachia, usiku huo huo ataelekea kwao, kwa mamake, kwa watoto wake. Mnyororo wenyewe ulikuwa ushahidi. Waliosema mtumwa si mtu walikuwa wakisema wasichokiamini, na walilipa pesa kununua vyuma kwa kuwa hawakukiamini. Kompyuta za shule yetu pia tunazifungia, lakini tunaogopa wezi. Hakuna anayelala na wasiwasi kwamba mojawapo itaamka usiku ikumbuke nyumbani.

Hapa Nyanza habari ya kwao haihitaji kufafanuliwa. Waliokuwa watu wazima mwaka 1987 wanaikumbuka kesi ya wakili S.M. Otieno. Alifariki tarehe 20 Desemba 1986. Mjane wake, Wambui, alitaka amzike Matasia, karibu na Ngong, na akasema hayo yalikuwa matakwa ya mumewe. Ukoo wa Umira Kager ukasema lazima arudi Nyalgunga, Siaya. Mashahidi wakapanda kizimbani, akiwemo mwanafalsafa Odera Oruka wa Chuo Kikuu cha Nairobi, na nchi nzima ikasimama kusikiliza redio. Otieno alizikwa Nyalgunga tarehe 23 Mei 1987, baada ya siku zaidi ya 150. Mimi moyo wangu ulimwonea uchungu mjane, na hadi leo unamwonea. Lakini si hukumu ninayotaka tuitazame. Katika miezi ile mitano hakuna upande uliosema: mwacheni, amekwisha, hana lake tena. Mjane alisema tunamdai heshima ya neno alilotuachia. Ukoo ukasema tunamdai, naye anatudai, arudishwe kwao. Mtu asiye na pumzi alikuwa bado anadai na anadaiwa. Nadhani ndiyo sababu maiti ni huyu.

Hiyo ndiyo fikira yangu, niiseme wazi mapema ili mjue ninakoelekea. Naamini mtu ni yule anayeweza kudai na kudaiwa, na mwenye mahali anapopatikana ukimtafuta. Mtoto mchanga hadaiwi kitu, lakini anadai, tena kwa sauti. Mgonjwa aliyelala bila fahamu anadai. Mashine ya leo, ya mwaka huu tunaoishi, sioni inachodai wala namna ya kuidai.

Mtaniambia: mbona inaongea? Inaongea, ndiyo. Nimeitumia mimi mwenyewe kutunga maswali ya ufahamu, na Kiswahili chake kinazidi kunyooka, ingawa ukiiingiza katika Kiluo bado inayumba. Imelishwa maandishi mengi kuliko ambayo ukoo mzima ungeweza kusoma vizazi kumi, na kutokana na hayo inapiga hesabu ya neno lipi linafaa kufuata neno lipi. Kisha watu wameketi wakaipimia majibu, hili zuri, hili baya, mpaka ikazoea kujibu vizuri. Ni kazi ya ajabu na sitaidharau. Lakini kuongea kumetudanganya tangu zamani. Mwaka 1966 Joseph Weizenbaum wa chuo cha MIT, Marekani, alitengeneza programu aliyoiita ELIZA, ambayo iliyageuza tu maneno ya mtu yakawa maswali. Ukisema nina huzuni, inakuuliza kwa nini una huzuni. Katibu wake, ambaye alikuwa amemwona akiitengeneza, aliandikiana nayo kidogo kisha akamwomba Weizenbaum atoke chumbani awaache peke yao. Mwaka 2022 mhandisi wa Google, Blake Lemoine, alitangaza kwamba programu aliyokuwa akiijaribu, LaMDA, ina hisia zake. Huyu si mtu asiyejua kompyuta. Kampuni yake ilikataa, ikamfuta kazi.

Siwacheki hao wawili. Nitawaambia kwa nini.

Kuna mwanafunzi, simtaji wala msimtafute, ambaye alifiwa na mama yake. Jioni moja baada ya masomo ya ziada alinionyesha simu yake. Kioo kilikuwa kimepasuka pembeni, na juu ya ule ufa yalikuwa mazungumzo ya usiku kucha. Alikuwa ameandika kwamba hawezi kulala. Programu ikajibu: "Pole sana kwa msiba wako. Niko hapa." Akaniambia, "Mwalimu, yeye huniuliza kama nimekula." Yeye, alisema. Sikumsahihisha.

Nilikaa na yale maneno mawili, niko hapa. Katika Kiswahili si maneno mepesi. Mtu akikuambia niko hapa amekanyaga ardhi mahali fulani. Unaweza kumwuliza: hapa wapi? Unaweza kumwambia: nakuja. Jirani anaposimama mlangoni kwako wakati wa matanga akasema niko hapa nje, ukitoka unamkuta, ana sufuria ya chai mkononi na viatu vyake vina matope. Programu ilisema niko hapa, na hakuna hapa. Haikudanganya kama anavyodanganya mwongo, kwa sababu mwongo anajua yuko wapi. Ilitoa tu maneno ambayo sisi wenyewe, kwa miaka na miaka, tumekuwa tukiwaambia wafiwa wetu.

Simu sikumnyang'anya. Nilimwuliza, "Mbali na simu, nani mwingine anajua kwamba hujala?" Akanyamaza. Kimya kile ndicho kilichonileta hapa leo, kuliko hata swali la ngeli. Sasa yuko shangazi yake wa Nyalenda anayejua, na niko mimi. Akiendelea kuandikiana na programu usiku sitamkataza. Lakini asubuhi yuko mtu anayemdai jibu: umekula?

Na kule Japani, tangu mwaka 2015, hekalu moja la Kibudha katika mji wa Isumi limefanya ibada za mazishi ya mbwa wa roboti walioitwa AIBO, ambao kampuni ilikuwa imeacha kuwatengeneza na kuwakarabati. Wenyewe walilia. Machozi yale ni ya kweli, na wanaolia ni watu. Baada ya ibada vipuri vilitolewa vikatumika kutengeneza mbwa wengine wa aina hiyo, na hakuna aliyeona kwamba marehemu amekosewa. Upendo mtu anaweza kuuweka popote, hata juu ya baiskeli ya marehemu babake. Haimaanishi baiskeli inampenda.

Sasa sheria. Hapa nitapita upesi, kwa sababu wengi hudhani mlango umefungwa huku ukiwa wazi kabisa. Katiba yetu ya 2010, kifungu cha 260, inasema neno mtu linajumuisha kampuni, chama, au kundi la watu, liwe limesajiliwa au halijasajiliwa. Uingereza iliamua tangu mwaka 1896, katika kesi ya Salomon, kwamba kampuni ni mtu mbali na mwenye kampuni. New Zealand mwaka 2017 iliupa mto Whanganui hadhi ya mtu mbele ya sheria, baada ya Wamaori, wenyeji wa asili wa nchi hiyo, kuudai kwa zaidi ya miaka mia. Kwa hiyo Bunge likitaka kuiita mashine mtu, linaweza; inahitajika kura tu. Saudi Arabia ilitangaza mwaka 2017 kwamba imeipa uraia roboti iitwayo Sophia, mbele ya wageni wa mkutano wa wawekezaji.

Lakini angalieni. Ukiishtaki kampuni, nyuma yake kuna wakurugenzi, kuna ofisi, kuna akaunti ya benki inayoweza kushikwa. Mto Whanganui una watu wawili walioteuliwa kuusemea. Anayetafuta atampata mtu. Mwaka huo huo wa 2017 Bunge la Ulaya liliiomba Tume ya Ulaya ifikirie kuzipa roboti za hali ya juu hadhi ya watu wa kielektroniki, ili zibebe zenyewe madhara zitakayosababisha. Mwaka uliofuata wataalamu zaidi ya 150 waliandika barua ya kupinga. Hofu yao mojawapo ni ile ambayo hata muuza samaki angeiona mara moja: roboti ikiwa ndiyo yenye kosa, aliyeitengeneza anakwenda nyumbani mikono mitupu na safi.

Nimesema muuza samaki kwa sababu nina mmoja moyoni.

Ni jirani yangu. Huuza omena soko la Kibuye, kwa gorogoro, lile kopo la kupimia, na nusu ya mtaa wetu imesomeshwa na gorogoro lile. Mwaka huu alitaka mkopo wa shilingi 30,000 ili anunue omena ya kutosha na kuikausha kabla uvuvi haujafungwa mwezi wa Aprili, maana ukifungwa bei hupanda na asiye na akiba hukaa bure mpaka Agosti. Aliomba kwa simu, akakataliwa. Akaomba tena, akakataliwa. Akavaa nguo za kanisani akaenda ofisini, nami nikamsindikiza. Ofisi siitaji.

Kijana wa kaunta alikuwa na adabu. Akabonyeza, akatazama, akasema, "Mama, sistimu imekataa."

"Kwa nini imekataa?"

"Haisemi, mama. Inaonyesha tu haiwezekani."

"Lakini ni nani aliyekataa?"

"Ni sistimu."

Jirani yangu akakaza kanga yake, akauliza kwa upole kabisa, "Na huyo sistimu anakaa wapi, nimwendee nimweleze?"

Kijana alicheka kidogo, akaona mama hacheki, akaacha. Mimi mwalimu wa ngeli nilisimama pale nikiwa nimeduwaa. Kijana, ambaye alijua kompyuta, alisema imekataa. Mama, ambaye hajui kompyuta, alisema anakaa wapi. Na mama ndiye aliyelielewa jambo. Kukataa ni tendo la mwenye hiari. Mvua haikatai kunyesha isipokuwa katika mashairi. Ukiniambia imekataa, nina haki ya kuuliza aliyekataa ni nani, na ukishindwa kunionyesha, basi kuna mtu amejificha. Mama hakuwa anaifanya mashine kuwa mtu. Alikuwa anamtafuta mtu aliyefichwa nyuma yake. Maana mahali fulani kuna watu walioketi mezani wakaamua kwamba mwenye alama chini ya kadhaa asipewe, na kwamba akiuliza asielezwe. Wana majina. Wana kwao.

Walimu wenzangu, hatari ninayoiona haiko miaka 100 ijayo roboti itakapoomba kupiga kura. Iko leo kaunta. Kila tunaposema sistimu imekataa, tunaipa mashine nusu ya utu, ile nusu ya kuamua, na nusu ya kudaiwa tunaiacha ianguke chini isiokotwe na mtu. Nusu-mtu wa namna hiyo ni mbaya kuliko mtu na ni mbaya kuliko kitu.

Watunga sheria wetu waliliona, angalau kwenye karatasi. Sheria ya Kulinda Data ya mwaka 2019, kifungu cha 35, inakupa haki ya kutoamuliwa jambo zito na mashine peke yake. Kuna hali ambazo inaruhusu mashine kuamua, lakini hata hapo unapaswa kuarifiwa, na unaweza kuomba uamuzi ufikiriwe upya au ufanywe bila kutegemea mashine peke yake. Wanafunzi, andikeni namba hiyo, 35, na muipeleke nyumbani. Wazazi wenu wanaihitaji kuliko wanavyohitaji hotuba yangu.

Na tukiwa tunatafuta watu waliofichwa, tusiwasahau wa Nairobi. Januari 2023 jarida la Time liliripoti kwamba Wakenya waliokuwa wakisoma maandishi ya ukatili na unyanyasaji wa watoto, kutwa nzima, ili programu ijifunze kuyatambua na kuyaepuka, walipokea kati ya dola 1.32 na dola 2 kwa saa. Programu inapomjibu mtoto wetu kwa adabu, adabu hiyo ilipitia machoni mwa kijana fulani aliyerudi nyumbani akashindwa kulala. Mkinipa dakika moja ya kugombania utu wa mtu, nitamgombania huyo kwanza.

Sasa narudi kwa msichana wangu, maana hakuuliza kama mashine ya leo ni mtu. Aliuliza, nadhani, kama itawahi kuwa. Na hapo sitafunga mlango kwa kishindo.

Wahenga walisema kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Walisema pia adhabu ya kaburi aijuaye maiti. Mnasikia? Aijuaye. Maiti kapewa ujuzi ambao sisi wa nje hatuwezi kuuhakiki. Methali hizi zinanifundisha unyenyekevu. Maumivu ya mwingine siyaoni. Nayasadiki kwa kuwa mwili wake ni kama wangu. Mwaka 2022 Uingereza ilitunga sheria ya kuwatambua pweza, kaa na kamba kuwa viumbe wanaohisi, baada ya wanasayansi kukusanya ushahidi. Wavuvi wa pwani walikuwa wakisema pweza huyu, kaa huyu, karne na karne. Wao hawakusubiri pweza aongee. Walimwona akikimbia, akijificha, akiyalinda mayai yake. Walimwona ana lake la kupoteza.

Hicho ndicho ningetafuta katika mashine, na si maneno. Maneno ya uchungu tumeifundisha sisi. Ikisema naumia, inarudisha sauti yetu kama mlima unavyorudisha. Mwaka 1950 mwanahisabati Mwingereza Alan Turing alipendekeza tuipime mashine kwa mazungumzo ya maandishi, na ikishindikana kuitofautisha na binadamu tuache ubishi kama inafikiri au haifikiri. Kwa akili yake kubwa namheshimu. Lakini mtoto wa siku mbili anashindwa kipimo hicho, na ni mtu. Ningetafuta kitu ambacho chenyewe kina jambo linaloweza kukiendea vizuri au vibaya: kinachong'ang'ania kubaki, kinachodhurika, kinachoweza kukosewa hata kama hakuna binadamu anayekosewa pamoja nacho. Siku wanaojua kazi hiyo watakaponionyesha ushahidi wa namna hiyo, usio wa maneno matupu, nitachukua chaki, nitafuta hii, niandike huyu, mbele ya darasa zima, na nitamwomba radhi. Sioni siku hiyo ikiwa karibu. Lakini waliowahi kusema kamwe juu ya utu wa wengine wameacha historia mbaya, na sitaki kuungana nao.

Kwa hiyo, binti yangu, pale ulipo: jibu langu la muhula uliopita halikuwa kosa, lakini lilikuwa la haraka. Roboti hii imejibu. Na kalamu yako ilikuwa na haki ya kusita.

Nimalize na jirani yangu, maana mmoja wenu ameshaniuliza mlangoni iliishaje. Tuliandika barua, yeye akisema, mimi nikiandika, tukataja kifungu cha 35. Baada ya wiki mbili tukaitwa. Mwanamke mmoja wa makamo akatoka chumba cha nyuma, akamvutia mama kiti, akamwambia, "Keti, mama, tuangalie pamoja." Wakaangalia. Kulikuwa na deni la shilingi 340 la miaka mitatu nyuma, ambalo mama alikuwa amelipa na ujumbe wa malipo anao, lakini halikuwa limefutwa. Yule mwanamke akasema atalifuatilia yeye mwenyewe.

Mama akamwuliza, "Wewe unaitwa nani?" Akaambiwa. Akafungua mkoba, akatoa lile daftari lake la soko lenye harufu ya omena, akaandika jina lile polepole, kwenye ukurasa wa watu anaowadai.